Fundi wa Madawati na Zabuni Iliyochelewa

Wapendwa, leo nitaanzia kwenye supu. Wale mliokuja bila kunywa chai mnisamehe.

Kulikuwa na fundi mmoja wa madawati, mwenye karakana kubwa na maneno makubwa kuliko karakana. Halmashauri ikatangaza zabuni ya madawati ya shule. Sharti lilikuwa jepesi: bahasha iwe imeingia sandukuni kabla ya saa nne asubuhi. Na sikilizeni vizuri, fundi wetu alifika mapema! Mkewe alimsukuma nje alfajiri. "Baba Ombeni, tumbukiza kwanza, ndipo uongee."

Lakini ndani ya uzio wa halmashauri palikuwa na kantini, na kantini ilikuwa na supu ya kongoro. Fundi akasema, ngoja nionje bakuli moja. Bahasha akaiweka mezani, akaiegemea kwa kiwiko, akaanza kuwaeleza watu rangi atakayopaka madawati yake. Bakuli likazaa bakuli. Aliposhtuka, afisa manunuzi alikuwa anaondoka na sanduku limefungwa.

Fundi akatoka mbio, kongoro mkononi. "Mheshimiwa, ni dakika tatu tu!"

"Mzee, muda umekwisha."

"Saa yenu inakimbia!"

"Inakushinda mbio, mzee," afisa akajibu, akaingia zake ndani.

Je, alirudi nyumbani kwa unyenyekevu? Wewe ungerudi? Alimwogopa mkewe kuliko mahakama, akaona heri akate rufaa. Akatafuta wakili mwenye ulimi wa asali. Wakili akasimama mbele ya baraza la rufaa akasema, "Waheshimiwa, kufika ni nini? Mteja wangu alikuwa ndani ya uzio tangu asubuhi. Mgeni akiwa uani kwako, utasema hajafika kwako?"

Watu wakacheka, lakini wapo waliotikisa vichwa kukubali. Fundi akaanza kuyaona madawati yake yakipakiwa kwenye lori.

Mwenyekiti wa baraza, mama mtu mzima, akavua miwani. "Fundi, kwa hiyo unaona sheria hii haina huruma?"

Fundi akadakia, "Haina kabisa, mama! Mtu asiyesamehe dakika tatu ni mtu wa namna gani?"

"Ni wewe," mwenyekiti akasema taratibu.



"Mwaka juzi," akaendelea, "yule mama aliyeketi pale nyuma alipata pancha njiani. Akaleta bahasha ya zabuni ya milango muda umepita kidogo, halmashauri ikampokea. Ni wewe uliyekuja hapa kumpinga. Ulisema kuchelewa ni kuchelewa, hata kwa kupepesa jicho. Tukakubaliana nawe, na uamuzi ule ndio unaofuatwa mpaka leo."

Fundi akageuka. Mama mwenyewe ndiye safari hii aliyeshinda zabuni ya madawati. Akainuka, akajifunga khanga vizuri.

"Waheshimiwa, mimi sina kinyongo. Uchungu alio nao kaka yangu huyu naujua. Mpokeeni, bahasha yake ishindane na yangu."

 

Mwenyekiti akamgeukia yule mama. "Ningetamani, mwanangu. Ila yeye mwenyewe alihakikisha kwamba hakuna mwenye ruhusa ya kusamehe."

Rufaa ikatupwa.

Sasa, wapendwa, mmecheka sana, tena nyie wa viti vya mbele ndio mliozidi. Tujicheke na sisi basi. Jirani tunampima kwa rula ya chuma, ila zamu yetu ikifika tunataka tupimwe kwa mpira unaovutika. Yule dada aliyekosa mazoezi, nani alisema asiimbe tena kwaya? Mkwe aliyechelewa msibani, nani amemnunia mpaka leo?

Kuna mtu yuko mlangoni kwako, anahema, amechelewa kukuomba radhi. Unaweza kumwonyesha saa. Una haki hiyo. Lakini na wewe iko siku utachelewa, na huenda huyo huyo akasimama kukutetea. Ole wetu siku hiyo, akitokea anayetaka kutusamehe, akakuta sisi wenyewe tulikwisha kumnyima ruhusa.