Tonge na Mtoto Aliyesifiwa

Paukwa.
Pakawa.
Pakawa nini?
Pakawa chungu, kifuniko hakina, na mwenye chungu hana haya.
Basi sogeeni, mwenye mtoto mgongoni amshushe mapajani, maana ngano hii inamhusu.

Hapo zamani, zamani ambayo hata bibi yake bibi hakuikuta, juu ya nchi ya Mbweko palikuwa na kitu mbinguni. Si jua, si mwezi, si nyota. Kilikuwa cheupe, kimevimba upande mmoja, kila alasiri kinaning'inia chini chini kama tonge la ugali lililosahauliwa. Watu wakakiita Tonge. Tonge alikuwa na ulimi mrefu kama wa kinyonga, na mate yake ndiyo yaliyokuwa mvua ya Mbweko. Yakidondoka, mtama unaota. Yasipodondoka, watu wanatafuna mizizi.

Sheria ya Tonge ilikuwa moja: kitu kikisifiwa tu, ni chake. Ukisema mbuzi huyu kanona, ulimi unashuka, mbuzi hayupo. Ukisema kiti hiki kizuri, ulimi unashuka, umekaa vumbini. Basi watu wakajifunza kuponda kila kitu. Jumbe waliyempenda wakamwita Jumbe Kamasi. Bibi harusi akitolewa nje, shangazi zake walilia kwa sauti kwamba ana miguu ya bata. Mtoto akizaliwa, wageni waliingia na uji, wakasema lo, kinyago gani hiki, na mama akajibu asanteni, na hapo hamjamwona masikio.

Sasa alikuwepo mama kijana, jina lake Tambara, ana mtoto wake wa kwanza, wa kike, bado wa maziwa. Tambara alikuwa mwoga. Aliogopa kuku, aliogopa radi, aliogopa mama mkwe wake Bi Ukurutu, na tangu ajifungue akawa anaogopa kila kitu mara mbili: mtoto akilala anaogopa hapumui, akiamka anaogopa ana njaa, akishiba anaogopa atapasuka. Alasiri moja alikuwa uani anamwogesha, mtoto akapiga chafya, akashtuka, halafu akacheka, kicheko chake cha kwanza duniani, na mdomo wa Tambara ukatoka mbio ukaiacha akili nyuma.

"Jamani, mzuri huyu mtoto."

Juu, Tonge akalamba midomo. Sauti ikashuka, nzito, ya kivivu. "Nimesikia. Leo nimeshiba mbuzi. Kesho alasiri namchukua."

Tambara akamkimbilia Bi Ukurutu. Bi Ukurutu akamwambia dawa ni ndogo, aliyesifu ndiye afute, amtukane mtoto kwa sauti, kwisha. Tambara akavuta pumzi.

"Mtoto huyu ni mbaya kama... kama... kama mwezi mchanga."

Bi Ukurutu akajishika kichwa.

Tambara akamkimbilia Nyani, fundi wa matusi nchi nzima. Nyani akamfundisha utaratibu: unaanza na pua, unashuka miguuni, unamalizia na ukoo. Tambara akaitazama pua. "Pua hii," akasema, "pua hii..." Akaibusu. Nyani akamwambia aondoke, anamharibia kazi.

Akamkimbilia Fisi. Fisi akacheka mpaka akakaa chini, akasema tumpake matope na majivu, tumfunge ngozi yangu kuukuu, halafu tuone kama tusi halitakuja lenyewe. Wakampaka, wakamfunga. Mtoto akanuka kama fisi, tena fisi wa juzi. Tambara akamtazama, machozi yakamlenga.

"Hata matope yamempendeza."

Fisi akaacha kucheka. "Mama mtoto, mimi mama yangu aliniita mbaya kila siku, na alikuwa anasema kweli. Wewe kazi hii huiwezi. Nenda kamsihi Tonge mwenyewe."

Alasiri ikafika. Nchi nzima ikakusanyika, Jumbe Kamasi akiwa nyuma ya watu wote, na kutoka huko nyuma akamshauri Tambara amtoe mtoto kwa amani, mvua isije ikakatika, yeye bado kijana, atazaa mwingine. Ulimi ulikuwa umeshaanza kushuka, mwekundu, unadondosha mate.

Akamkumbatia mtoto, akafumba macho, akaogopa, akaogopa, akaogopa, mpaka uoga ukamwishia kama maji mtungini. Akafumbua. Akamtazama Tonge usoni, jambo ambalo hakuna mtu wa Mbweko aliyewahi kulifanya, na mdomo wake, uliokwisha kuijua njia, ukatoka mbio tena.

"Bwana Tonge, wewe nani alikuogesha? Una tongotongo jichoni, hakuna aliyekufuta tangu uzaliwe, na hilo shavu limevimba, ungekuwa wangu ningelikanda kwa maji ya moto, ningekubeba, ningewaambia watu wote, wapende wasipende, mwanangu mzuri."

Ulimi ukasimama hewani.

"Umesema nini?"

"Nimesema wewe mzuri."

Basi sheria ni sheria. Ulimi ukageuka taratibu, kwa aibu, ukapanda juu, ukamshika Tonge mwenyewe. Akajilamba shavu, akajilamba kisogo, akataka kujimeza, lakini mdomo hauingii mdomoni, hebu jaribuni. Akazunguka akijifuata, akazunguka, akazunguka, mate yakaruka huku na huku, mvua ikanyesha Mbweko yote, hata mabonde ambayo Tonge hakuwahi kuyapa tone. Matope yakamtoka mtoto. Mtoto akapiga chafya, akacheka.

Tangu siku hiyo Tonge anazunguka, hana nafasi ya kitu cha mtu. Watu wakaanza kusifiana, kwa shida, maana hawakuzoea. Jumbe Kamasi alimsifia mkewe mchuzi, mkewe akamtafutia mganga. Bi Ukurutu akamchungulia mjukuu, akatazama juu kwanza, akanong'ona kwamba hana ubaya sana. Mtoto akaitwa Uzuri.

Fisi naye akaja, akazungukazunguka mlangoni, akauliza, na yeye je? Tambara akamtazama mbele, akamtazama nyuma, akatafuta, akatafuta, mwisho akamwambia ana meno mazuri. Ndiyo maana Fisi hachoki kucheka.

Funzo ni hili: mtoto wako msifu kwa mdomo mpana, na anayemwonea wivu msifu pia, apate cha kujilamba.

Ngano yangu imefika mlangoni, inavaa viatu. Ikiwa tamu, semeni, ulimi hauji. Ikiwa chungu, mtemee jirani. Na huyo mtoto anayekoroma hapo mkekani ni wa nani? Mzuri jamani. Msinitazame hivyo, nimeangalia juu kwanza.