Tusi Lililofungiwa Ndani

Mtu mmoja, Ambilikile, alikabidhiwa na usharika wa kanisa lake chumba chenye kompyuta nne za kutumiwa na watu wote. Zilikuwa na programu ya ulinzi: kila kompyuta ilipozimwa na kuwashwa, ilirudi kama ilivyokuwa siku ulinzi ulipofungwa. Watu walichafua mchana kutwa, asubuhi hapakuwa na doa. Walizoea kusema chumba kile hakiweki kinyongo.

Ikaja siku ya kuweka toleo jipya la programu. Utaratibu ulijulikana: toa watu, kagua kila kioo, fungua ulinzi, weka jipya, funga. Lakini foleni ilikuwa ndefu, na Ambilikile hakupenda kununiwa. Akafungua ulinzi watu wakiwa wamekaa.

Kwenye kompyuta ya dirishani alikuwa Zilipa, mwanamke mwepesi wa hasira, na asubuhi hiyo alikuwa amegombana na wifi yake, Sekela. Akachukua picha ya Sekela, akaandika juu yake "Mchawi wetu", akaiweka iwe ya kwanza kuonekana kompyuta ikiwashwa. Ilikuwa ya kupunguza machungu tu. Aliamini ikizimwa itafutika. Ambilikile akafunga ulinzi bila kutazama, akaenda kunywa chai ameridhika.

Kesho yake Sekela, aliyekuwa akichapa nyimbo za kwaya pale, ndiye aliyeiwasha, akaiona picha. Alipoulizwa, Zilipa hakukana. Alimwendea nyumbani, akapiga magoti, wakalia wote wawili, yakaisha. Wakarudi pamoja, wakaifuta ile picha. Asubuhi iliyofuata ilikuwa pale pale. Zilipa akaifuta tena, ikarudi tena. Na kwa kuwa kila mtu alijua chumba kile hakihifadhi uchafu wa jana, hakuna aliyeamini kwamba lilikuwa tusi la zamani.

Sekela akamwambia mbele ya watu, "Wifi, mchana unaniomba msamaha, asubuhi unaniita mchawi. Usikanyage tena kwangu."

Ambilikile alikuwepo, ameshika ufagio, na alikwisha kuelewa kila kitu. Ilitosha kufungua ulinzi, kufuta picha, kufunga upya, na kusema: nilifunga bila kutazama. Aibu ikamkaba. Fundi mzima, watu wangemwonaje? Akaibeba kompyuta ile hadi stoo, akasema imeharibika. Wazee wakamsifu kwa busara yake.

Mwaka ule mtoto wa Sekela aliugua sana. Zilipa alipika uji akaupeleka, na sufuria ikarudishwa nje ya mlango ikiwa imejaa. Ambilikile alipita njiani akaiona. Akatoa salamu, akaenda zake kanisani.

Zilipa alitukana siku moja, kwa hasira, akatubu. Sasa niambieni, ninyi mnaojua namna ya kufungua mkakaa kimya: tusi la asubuhi zile zote lilikuwa la nani?