Chura Aliyefungua Kampuni Mtungini

Paukwa!

— Pakawa!

Nini hiyo, mnaitika kama wagonjwa? Paukwa!

— Pakawaaa!

Nije na ukweli au nije na uongo?

— Njoo na uongo!

Mdogo au mkubwa?

— Usiopita mlangoni!

Haya, sogeeni. Na wewe mwenye karanga acha kutafuna, unanichanganya.

Hapo kale, redio haijazaliwa, alikuwepo Chura. Kazi yake ilikuwa burudani. Arusi hii yumo, ngoma ile yumo. Akiruka, pwata! Akitua, chwa! Akiimba, watu wanacheka mpaka machozi yanawatoka. Lakini mtu wa burudani, jamani, ana ugonjwa mmoja: anataka kuvuma. Akisifiwa mto huu, anataka asikike na mto wa pili.

Na katika mto huo alikaa Kiboko, na Kiboko alikuwa na kampuni ya nyimbo. Msiniulize kibali alikipata wapi. Kampuni yenyewe ilikuwa kinywa chake. Ukitaka wimbo wako uvume, unakwenda kwa Kiboko. Kiboko anapanua kinywa, kwaaa! Unaingia, unasimama juu ya ulimi, unaimba, unatoka mbio. Kiboko anafunga kinywa, kop! Wimbo umebaki tumboni. Basi asubuhi, mchana na jioni, kila anapopanua kinywa ale majani, wimbo mmoja unatoka wenyewe, unasikika mpaka mto wa pili.

Ila kila wimbo aliubandika ukelele wake mbele: "Kiboko yaooo!" Wimbo wa mapenzi, "Kiboko yaooo!" Wimbo wa msiba, watu wanalia, "Kiboko yaooo!" Ukelele uling'ang'ania wimbo kama ukoko kwenye sufuria, huwezi kuubandua.

Na sheria aliitunga mwenyewe, akaiandikisha kwa Mzee Kobe, msajili wa nyimbo: "Sauti iliyoingia kwenye chombo cha mtu ni mali ya mwenye chombo. Atakayeitumia bila ruhusa, aondolewe majini, akakae mchangani miaka mitatu." Walinzi wa sheria walikuwa nyuki. Nyuki mnawajua nyinyi, kwao hakuna mkubwa wala shemeji.

Chura akapeleka wimbo. Sasa ona ujinga wa Chura! Hakupeleka wimbo wa kuokota njiani. Alipeleka wimbo alioutunga siku binti yake, Kidawa, alipopoteza mkia akawa chura kamili. Kiboko kwaaa! Chura akaimba. Kiboko kop! Wimbo ukavuma kweli, mto wa pili waliucheza. Ila waliuita wimbo wa Kiboko.

Siku zikapita, Kidawa akaposwa. Arusi Ijumaa adhuhuri. Na desturi ya vyura ni hii: bibi arusi hatoki mlangoni mpaka baba yake amwimbie wimbo wake wa siku ya mkia. Wimbo mwingine haukubaliki. Baba asipoimba, bwana arusi anakunja mkeka wake, anarudi kwao.

Chura akafungua mdomo afanye mazoezi. Nyuki wakatua dirishani, zzzz.

"Wimbo wa nani huo?"

"Wangu."

"Umo kwenye chombo cha nani?"

Chura akaacha mazoezi. Akaenda kwa Kiboko, pwata, chwa, pwata, chwa.

"Mheshimiwa, niazime wimbo wangu, Ijumaa tu. Namwoza mwanangu."

Kiboko aliongea kwa pembeni ya mdomo, wakubwa ndivyo walivyo. "Mwimbie mwingine."

"Desturi hairuhusu."

"Basi akae nyumbani, akusaidie kuosha vyombo."

Maneno hayo yalimchoma Chura. Alirudi analia, na mimi ningekuwepo ningelia naye. Kidawa akamwambia, "Baba, kulia hakusaidii. Kule kinywani uliingia mwenyewe, tafuta pa kutokea." Watoto wa kike hao, huruma hawana lakini akili wanayo.

Jumatatu Chura akachukua mtungi wa maji wa mkewe, akaumwaga, akauweka barazani. Akatangaza: "Nimefungua kampuni! Inaitwa Mtungi Huru! Unaingia na wimbo wako, unatoka na wimbo wako, na Mzee Kobe ameandika!"

"Na maji nitachotea nini?" mkewe akauliza.

"Mke wangu, huu ni uwekezaji."

"Uwekezaji utauoga?"

Watu waliogopa, hakuna aliyekuja. Alikuja Mbu peke yake, kwa sababu tangu azaliwe hakuna aliyemwacha amalize wimbo. Mbu akaimba ubeti wa kwanza: ngiiii. Ubeti wa pili: ngiiii. Kiitikio: ngiiii. Chura akafunika, akabeba mtungi mpaka uwanjani, akafunua. Ngiiii!

Wanyama wote wakaanza kujipiga makofi. Pah! shingoni. Pah! gotini. Waliokuwa mbali wakadhani ndio mtindo. Kufika Jumanne nchi nzima inacheza: pah shingoni, pah gotini, pah kisogoni. Punda alijipiga mpaka akazirai. Alipozinduka akaomba urudiwe.

Kiboko naye akausikia, akajikuta anajipiga, puh! "Wimbo mtamu huu! Mbona hauna jina langu?" Akatoka majini, gudu gudu gudu, mpaka barazani kwa Chura.

"Chura! Weka ukelele wangu humo."

Chura akaukumbatia mtungi. "Mheshimiwa, nakuomba sana, jina lako usiliweke. Hii ni kampuni huru."

"Nitaliweka."

"Utaniharibia!"

"Nitaliweka mbele."

"Basi mbele tu, kwa kunong'ona."

"Nitaliweka mbele na katikati na nyuma! Sogea!"

Mzee Kobe alikuwa amekaa pale na kitabu chake. "Mheshimiwa," akaanza, "kuna kile kifungu..." Kobe huongea kama anavyotembea.

"Nyamaza wewe bakuli!" Kiboko akatumbukiza midomo mtungini. "KIBOKO YAOOO! KIBOKO YAOOO! KIBOKO YAOOO!"

Akainua kichwa avute pumzi. Chura akaruka, pwata! Akatua mdomoni mwa mtungi, chwa! Akafunika, kop!

"...cha vyombo," Kobe akamalizia.

Chura akauliza taratibu, "Mzee Kobe, sauti hiyo imeingia kwenye chombo cha nani?"

Kobe akalamba kidole, akafunua kitabu, akalamba tena. "Cha Chura. Mtungi ni huru kwa nyimbo, na ukelele si wimbo."

Nyuki wakatua mgongoni mwa Kiboko, zzzz.

Sasa fuateni vizuri, maana hapa ndipo wengi hupotea. Kiboko hali bila kupanua kinywa. Akipanua kinywa, wimbo unatoka. Wimbo ukitoka, mbele yake kuna ukelele. Na ukelele sasa ni wa nani? Wa Chura! Wa zamani, wa leo, nyuki hawachambui. Kwa hiyo Kiboko hawezi kula.

Jumatano hakula. Alhamisi hakula. Nyimbo zikajazana tumboni, zikaanza kugombana. Wimbo wa msiba ukaukanyaga wa arusi, wa jando ukamng'ata ini. Ijumaa asubuhi akaja kwa Chura, midomo kaibana.

"Mmm," akasema Kiboko.

"Mzee Kobe, anasemaje?"

"Anasema anajuta, tumbo linamuuma, yeye pia ana watoto, na kwamba wewe ni mdogo wa umbo lakini moyo wako..."

"Mmm!"

"Anasema nifupishe."

Chura akasema, "Mimi si mkatili. Nakuazima ukelele wangu, mara moja tu. Utapanua kinywa, nyimbo zote zitoke, kila mtu achukue wake. Andika, Mzee Kobe."

Kobe akaanza kuandika. Akaandika herufi ya kwanza. Akaitazama. Akaipenda. Kule kwa Chura jua linapanda, Kidawa amesimama nyuma ya mlango na hina mkononi, bwana arusi anautazama mkeka wake. Chura alitaka kumnyang'anya Kobe kalamu, ila hasira kwa Kobe ni kazi bure, humkuta ameshaingia ndani.

Mwisho ruhusa ikaandikwa. Kiboko akapanua kinywa, kwaaaaa! "Kiboko yaooo!" Nyimbo zikamwagika kama mtama kwenye gunia lililotoboka. Wa Njiwa ulimparamia Punda, akawa ananguruma kimahaba mpaka ulipotolewa. Wa Chura ukaruka, pwata! Ukatua mdomoni mwa mwenyewe, chwa! Na ule ukelele Chura akamrudishia Kiboko, kwa sababu ulikuwa umejaza mtungi na mkewe alikuwa na kiu.

Chura akakimbia kwake. Akamkuta bwana arusi ameshakunja mkeka nusu. Akasimama mbele ya mlango, akaimba. Lakini aliimba huku analia, jamani. Alikosea mahali pawili, sauti ikakatika mara tatu, kiitikio akakirudia mara nne kwa kuwa hakuamini kwamba nyuki hawaji.

Mlango ukafunguka. Kidawa akatoka, macho yamemjaa machozi. "Baba," akasema, "hujapata kuimba vibaya hivi."

"Najua, mwanangu," Chura akajibu. "Lakini nimeimba mimi."

Mpaka leo ukimwona Kiboko mtoni amepanua kinywa na hali kitu, ujue anangoja mwingine aingie.

Hadithi imeshafika kwake, nami nataka kufika kwangu. Ikiwa tamu, gawaneni. Ikiwa chungu, mmesikia vibaya.

Nini? Mnataka na funzo? Haya, shikeni: watoto, msije mkafungua kampuni zenu. Mtu mdogo akae kinywani mwa mkubwa. Humo mna joto, mvua hainyeshi, na yale meno ni ya urembo tu.