Mshika Mwiko Haoni Harusi

Mshika mwiko haoni harusi. Ndivyo alivyosema mama yenu mdogo jana kikaoni, na nyote mkanyamaza kana kwamba mmeelewa. Leo mnakuja kuniuliza maneno hayo yametoka wapi, na yanahusiana vipi na kumtafutia dada yenu msimamizi wa harusi wakati mfuko wenyewe umenywea. Kaeni basi. Methali hii ilianzia hapahapa Mombo, kabla simu hazijaingia mifukoni mwa watu, na ilianza hivi.

Kulikuwa na mjane aliyeitwa Siwema. Mumewe alifariki mapema, akamwachia nyumba ya vyumba viwili na mtoto mmoja wa kike, Mwanaheri. Siwema akamlea mwanawe kwa kupika katika shughuli za watu. Iwe harusi, hitima au maulidi, palipoinjikwa sufuria kubwa ndipo alipokuwapo, kajifunga khanga kiunoni, macho mekundu kwa moshi. Watu wakimsifu alicheka kidogo, kisha akarudi kwenye mafiga. Miaka ilipita hivyo. Mgongo ukaanza kumuuma, naye hakumwambia mtu.

Mwanaheri akaposwa na kijana mmoja, Hemedi, fundi wa reli kule Kigoma. Watu wa Hemedi walikuwa waungwana, hawakutaka makubwa. Ndoa ifungwe nyumbani, wageni wale chakula cha mchana, kisha bibi harusi aondoke na mumewe siku hiyohiyo, kwani likizo ya Hemedi ilikuwa inakwisha na safari ni ndefu.

Siku moja Sofia, dada wa marehemu mumewe, alikuja akamkuta Siwema kajinyoosha mkekani, miguu kaiweka juu ya gunia.

"Wifi," akasema, "harusi hii tumpe Amriya aisimamie."

Amriya alikuwa mama wa mtaa wa juu aliyeanza kazi ambayo wakati ule ilikuwa ngeni. Alisimamia shughuli ya mtu tangu turubai linapofungwa hadi sufuria ya mwisho inapooshwa. Yeye ndiye aliyepokea wageni, akagawa kazi, akajibu kila swali, ili mwenye shughuli akae na wanawe.

"Nimlipe mtu aje kuniamrisha nyumbani kwangu?" Siwema akauliza bila kuinuka. "Nimepika harusi za mji mzima, ije inishinde ya mwanangu?"

"Hakuna aliyesema itakushinda. Nasema utachoka."

"Kuchoka nimezoea."

Wala haikuwa kiburi kitupu. Vijisenti alivyokuwa navyo vilitosha jambo moja tu, kumlipa Amriya au kununua mbuzi wa pili. Siwema aliyajua maneno yanayosemwa nyuma ya majiko, maana huko ndiko alikozeekea. Aliwahi kuwasikia wageni wakinong'ona kwamba fulani kaoza mwanawe kwa mchuzi wa kutafutana na nyama. Hakutaka hayo yasemwe juu ya Mwanaheri, mtoto asiye na baba.

Amriya mwenyewe alipopata habari alikuja. "Mama Mwanaheri, nipe utakachojaaliwa," akasema. "Kilichobaki utanipa baadaye."

Siwema akamshukuru, akamtilia chai, akakataa. Kesho yake mbuzi wa pili akafungwa uani.

Jioni hiyo mama na binti walikaa wakipepeta mchele. Mwanaheri akamtazama yule mbuzi.

"Huyu wa pili ni wa nani, mama?"

"Ni wa wageni."

"Mimi mbuzi sitamkumbuka," Mwanaheri akasema taratibu. "Ninachotaka ni unifukize udi kwa mkono wako. Na nikitoka, utoke nami hadi garini."

"Sasa mimi nitakwenda wapi, mwanangu? Harusi si ni hapahapa nyumbani?"

Mwanaheri akainamia ungo wake, akaendelea kupepeta.

Siku ya harusi ilimkuta Siwema kachoka tayari. Wiki nzima alikuwa mbioni, kutafuta kuni, kuazima majamvi, kuwakumbusha watu ahadi zao. Asubuhi hiyo mvua ilikuwa imelowesha kuni, moto ukakataa kuwaka. Wenye turubai wakalipeleka nyumba nyingine, ikabidi awafuate kwa miguu. Wapishi wenzake walikuwapo na walijua kazi yao, lakini kila kitu kilikuwa kichwani mwa Siwema. Hakuna aliyejua vikombe viko wapi, wala nani kaahidi kuleta barafu, wala wazee wa upande wa bwana harusi wakae wapi. Kila mguu ulioingia uani ulimtafuta yeye.

"Mama Mwanaheri, ufunguo wa stoo!"

"Mama Mwanaheri, maji yamekwisha!"

"Mama Mwanaheri, wageni wamezidi, tufanyeje?"

Sofia akatokea mlangoni. "Wifi, mtoto amekwisha vaa. Udi uko tayari, anakungoja wewe."

"Nakuja. Nikoroge hapa mara moja tu."

Alikoroga, akaitwa penye kachumbari, akaitwa tena kwenye maji. Kutoka chumbani harufu ya udi ikapita dirishani, ikachanganyika na moshi wa kuni mbichi. Akajua Sofia ameshamfukiza mtoto. Alisimama kidogo, mwiko mkononi, akajiambia kwamba si neno, ataingia wakati wa nikahi.

Nikahi ikafungwa. Siwema alisikia vigelegele tu kutoka uani, maana wakati huo alikuwa amelishika sufuria la pilau upande mmoja na mwenzake upande wa pili, wanaliepua. Na sufuria la namna ile huwezi kuliachia ukakimbia. Akajiambia tena kwamba si neno, ataingia wakati wa kuaga.

Walipoanza kupakua, sinia hazikutosha. Zile za kuongezea zilikuwa zimefungiwa madrasa, na mwalimu alikuwa ameelewana na Siwema peke yake kwamba atampa yeye mwenyewe mkononi. Angemwambia nani? Akapita uchochoro wa nyuma, mbiombio, na khanga yake ya jikoni.

Alipokuwa huko, mjomba wa Hemedi alisimama akaomba ruhusa waondoke hata kabla ya kula. Mawingu yalikuwa yametanda milimani tena, na njia ya kwenda kukamata treni ya Kigoma ilikuwa ya udongo. Wakikawia, wangekwama. Mwanaheri alitolewa ndani kwa nyimbo, akafika penye gari, akasimama.

"Mama yuko wapi?"

Watu wakakimbilia jikoni, hayupo. Stoo hayupo. Wapishi wakasema alikuwa hapa sasa hivi. Mwanaheri akaingia garini, akakaa na mlango wazi, akangoja. Mjomba akatazama mawingu. Akamwacha angoje, akatazama tena. Mwishowe akasema kwa upole, "Binti yangu, itabidi twende. Mama ataelewa."

Siwema alitokea uchochoroni na rundo la sinia kifuani. Uwanja ulikuwa umepoa. Watoto walikuwa wakiokota peremende barabarani, mahali gari lilipogeuzia.

"Wameondoka?" akauliza.

Sofia akashindwa kumtazama usoni. "Amekungoja sana, wifi."

Siwema hakulia. Wageni walikuwa wamekaa na njaa zao, na sinia zilikuwa mikononi mwake. Akaingia uani, akapakua. Watu wakala wakashiba, nyama ikabaki. Walipoaga walimpa mkono wakisema, "Siwema, shughuli imefana! Pilau hii haijapata kutokea." Naye akawaitikia, mmoja mmoja, "Ahsanteni. Ahsanteni kwa kuja."

Jua lilipoanza kulegea, alichukua bakuli la pilau, akampelekea jirani yake Bi Mkasi. Huyu alikuwa mkunga mzee, miguu ilikuwa imemwisha nguvu, hakuweza kuja. Mikono yake ndiyo iliyompokea Mwanaheri siku aliyozaliwa. Alipomwona Siwema akajivuta kitandani, akaegemea ukuta, uso umechangamka.

"Chakula kiweke hapo, nitakula," akasema. "Kwanza niambie. Mtoto wangu alipendeza? Alivaa ile nyeupe au ile ya waridi? Alilia?"

Siwema akafungua kinywa ajibu. Akajiona ameketi sakafuni, mgongo kautegemeza kitandani, miguu kainyoosha mbele kama mtu aliyetembea kutoka mbali.

"Sijui, mama," akasema. "Sikumwona."

"Hukumwona vipi? Si alikuwa nyumbani kwako?"

"Alikuwa nyumbani kwangu. Mimi nilikuwa nimeshika mwiko."

Bi Mkasi akasogea ukingoni mwa kitanda. Kisha akaweka mkono wake juu ya kichwa cha Siwema, kilichokuwa bado kinanuka moshi.

"Ee, mwanangu," akasema. "Mshika mwiko haoni harusi."

Hapo ndipo Siwema alipolia.

Mwanaheri alirudi kusalimia baada ya mwaka na zaidi, amebeba mtoto. Hakumlaumu mama yake hata kwa neno moja. Walikaa, wakapika, wakacheka. Lakini siku ile haikurudi naye. Siwema alimwomba avae lile gauni amwone, naye akalivaa, likawa linambana kifuani, wakalitazama pamoja, kisha akalivua.

Mwaka uliofuata Sofia naye akapata posa ya binti yake. Mfuko wake ulikuwa mwembamba kama wa Siwema. Akaja kumwomba wifi yake ampikie bure, akasema mengine atayasimamia mwenyewe, kwani fedha ya kumlipa Amriya haipo.

"Kupika nitapika," Siwema akamjibu. "Umenunua mbuzi wangapi?"

"Nimepanga wawili."

"Nunua mmoja. Na wageni uwapunguze."

"Watu watasema, wifi!"

"Watasema. Kwangu walishiba, wakasifu, wakaenda kulala. Nani kati yao anaikumbuka ile nyama?" Siwema akainuka taratibu, mkono mgongoni, akatafuta viatu vyake. "Twende kwa Amriya, mguu wako mguu wangu. Siku hiyo nikikuona jikoni nitakufukuza mbele za watu. Wewe kaa na mwanao."

Wakaenda. Harusi ile ilikuwa ya mbuzi mmoja, na wapo waliolamba vidole wakatafuta zaidi wasipate. Gari lilipogeuka kuondoka, Sofia alikuwa amesimama kando ya gari, mkono wake ndani ya dirisha, umeshikwa na binti yake. Siwema aliwatazama kutoka uani, kwa mbali, sufuria ikiwa mbele yake.

Basi nyinyi rudini kikaoni mkahesabiane mbuzi wenu. Mimi nimewaambia ninalolijua: mshika mwiko haoni harusi.