Siku Milima Ilipoagana

Hadithi nawapa!
Tupe tuipokee!
Niiweke wapi?
Iweke moyoni!

Hapo zamani za kale, kabla babu wa babu zenu hajazaliwa, milima yote ya dunia iliishi mahali pamoja. Ilikuwa ukoo mmoja. Kaka mkubwa alikuwa Himalaya. Nyuma yake Andes, kisha Alpi, kisha Atlas. Kitinda mimba alikuwa Rwenzori.

Walisimama bega kwa bega, na mawingu yote yakatua kwao. Kwao mvua, kwao theluji, kwao chemchemi. Kwingine kote ardhi ilipasuka, na viumbe wakafa kwa kiu.

Viumbe wakakutana kutafuta dawa. Fisi akasema, "Niachieni mimi. Nitawagombanisha, watatawanyika." Akaenda akamnong'oneza Andes, "Kaka yako anasema wewe si mlima, ni kichuguu!"

Andes akatikisika kwa hasira. Mawe yakaporomoka, yakamvunja Fisi kiuno. Mpaka leo anatembea akichechemea.

Nyati akasema, "Maneno ya nini? Hapa ni nguvu!" Akaja mbio, akamgonga Alpi. Pembe zikapinda. Alpi hata hakujua kama amegongwa.

Wa tatu alikwenda mwanamke, jina lake Nakiete. Kiu ilikuwa imemwua mwanawe wa kwanza. Wa pili alikuwa mgongoni, midomo imemkauka, hana tena nguvu ya kulia. Nakiete akapiga magoti mbele ya Himalaya.

"Shikamoo, mzee wetu."

"Marahaba, binti yangu. Umekuja na uongo, au umekuja na pembe?"

"Nimekuja na mtoto tu; wa kwanza nimemzika kwa kiu. Tunawaomba mgawane dunia, nasi tupate mvua."

Himalaya akawatazama wadogo zake.

"Mlima ukishaketi hauinuki tena. Tukiagana leo, hatutaonana kamwe. Wewe uliyefiwa, ndiye unayeniomba nitengane na wadogo zangu?"

"Ndiyo, mzee. Ninyi mtatengana mngali hai, na mawingu yatawapelekea salamu. Yule niliyemzika, nani ataniletea salamu zake?"

Himalaya akalia. Wadogo zake nao wakalia. Wakakumbatiana mpaka nchi ikatetemeka, kisha wakaondoka.

Himalaya akaenda Asia. Andes akaenda Amerika ya Kusini, akajilaza kandokando ya bahari ya magharibi. Alpi akaenda Ulaya. Atlas akaishia kaskazini mwa Afrika. Rwenzori akabaki peke yake katikati ya Afrika, akajifunika ukungu asionekane akilia.

Jioni ile mvua ikanyesha. Mtoto wa Nakiete akatoa ulimi, akalamba tone, akaangua kilio. Mama yake akalia pia. Alilia kwa kuisikia sauti ile, na alilia kwa ajili ya yule ambaye mvua ilimchelewa.

Basi wanangu, neema ukiikumbatia wewe na nduguzo tu, wenzenu watakufa mlangoni penu. Gawa, hata kama kugawa kunauma. Tena usingoje, maana kuchelewa nako huua.

Ngano yangu imefika ukingoni. Iliyo tamu chukueni, iliyo chungu niachieni.