Mwandoe Mpasua Vumbi na Maji ya Mkamburi

Enyi watu wa Ighonyi, tulieni niwarudishe enzi za babu zetu, mlima huu wa Taita ulipokuwa hauna barabara, mgonjwa akishushwa kwa machela na ndizi zikiozea shambani. Hapo ndipo alipozaliwa Mwandoe, mwana wa Kalimbo, mwana wa Mwambingu mfua vyuma. Na mama yake alikuwa Mkamburi, mwanamke wa neno moja.

Mwandoe huyo, Mpasua Vumbi, ndiye aliyepandisha gari la kwanza huku juu kwa kufuata kijia cha punda, jabali upande huu na korongo upande ule, nao watu wakafuata alama za magurudumu yake kwa majembe mpaka ikawa barabara. Kisha akaingia mashindano ya magari ya nchi nzima na gari bovu alilolifufua kwa mikono yake. Matajiri waliokuja na magari mapya walikula vumbi lake wakashiba. Ighonyi, iliyokuwa haijulikani hata na mkusanya kodi, ikajulikana.

Lakini sifa humlevya mtu. Kalimbo alifariki mwanawe akiwa mbioni; habari ikamfikia Mwandoe mahali pa kutilia petroli, naye akasema, "Baba hakupenda kazi iachwe nusu," akakanyaga mafuta. Alirudi na kombe, akakuta udongo wa kaburi umekwisha kukauka. Mkamburi hakumtukana. Kinyongo kikamkaa rohoni.

Nanyi mnaijua desturi yetu ya kutasa: mzazi mwenye hasira na mwanawe hupiga funda la maji, akayapuliza nje pamoja na hasira yake, ndipo mwana asafiri salama. Asubuhi ya mashindano yaliyofuata, Mwandoe alisimama langoni akainamisha kichwa.

"Mama, nitasie."

Mkamburi akapiga funda. Mwandoe, kuona mashavu ya mama yamejaa, aliamini kutasa kumekwisha, akalikimbilia gari lililokuwa likinguruma, maana msoma ramani wake alikuwa akimwita. Mama akautazama mgongo ule, akamkumbuka mumewe, akayameza maji.

Ilikuwa masika, na mto ulikuwa umefura. Mwandoe alikuta gari la mpinzani wake limekwama katikati ya maji, watu wawili wakilia juu ya paa. Siku hiyo aliiacha kazi nusu. Alijifunga kamba, akaingia, akamtoa wa kwanza, akamtoa wa pili. Kisha kamba ikakatika, na mto ukamchukua shujaa wetu. Alitafutwa hadi nyikani, asionekane.

Mkamburi alishuka mlima kwa miguu. Mbele ya watu wote akapiga funda, akayapuliza juu ya mto, akasema, "Mwanangu, hasira imetoka. Rudi." Maji yakapita tu. Ndipo akawageukia watu akawaambia alilolifanya langoni, hakuficha kitu, akaagiza, "Gari lisiondoke Ighonyi kabla mzazi hajatasa, na injini izimwe mpaka maji yamegusa ardhi."

Ndiyo sababu sisi, madereva wa Ighonyi, huzima injini langoni, hata abiria wakinuna.

Mkamburi aliishi sana, na uzee wake ulikuwa mzito. Kila kulipokucha alipiga funda la maji, akalipuliza kuelekea mtoni, akimtaja mwanawe kwa jina. Na mpaka anazikwa hakuna aliyepata kumwona akimeza funda la kwanza la asubuhi.