Boriti Ililia, Wao Wakaimba

Leo nawavusha maji makubwa, wapendwa, nawapeleka Amerika. Si hii ya maghorofa mnayoiona kwenye runinga. Ile ya mwanzo, Amerika ya misitu na nyumba za mbao, ya watu waliovuka bahari na Biblia kifuani na hofu moyoni. Msiniulize nimeijuaje. Shule niliiacha mapema, masikio sikuyaacha kule. Na mfano huu, hapa wilayani, hakuna mhubiri anayeutoa akawatoa watu jasho kama mimi. Shikeni viti.

Palikuwa na mwimbishaji mmoja.

Kule, siku zile, kanisani hapakuwa na kinanda. Kinanda waliona ni mdomo wa shetani. Vitabu vya nyimbo vilikuwa haba, na wengi hawakujua kusoma. Basi waliimbaje? Mtu mmoja mwenye koo alisimama mbele, akawageukia watu, akatamka mstari. Watu wote wakaurudia kwa kuimba. Akatamka wa pili, wakaurudia, hivyo hivyo mpaka mwisho. Na waliimba polepole, jamani! Mstari ukianza mtoto ananyonya, ukiisha ameota meno. Kila mmoja aliupindisha anavyotaka: huyu anapanda, yule anashuka, bibi wa pembeni anatetemesha sauti kama mbuzi aliyenyeshewa. Lakini maneno yalikuwa yale yale aliyoyatamka mwimbishaji. Hapo hawakukosea hata silabi.

Huyu mwimbishaji wetu alikuwa na koo, nawaambieni. Na mdomo wake ulijua kulisifu hilo koo. Alipofika kijijini kwao mwalimu wa nota, mtu mwembamba mwenye kifilimbi cha kutafutia sauti, akafungua darasa la kufundisha watu kusoma nyimbo wenyewe, mwimbishaji alimsimamisha mbele ya karakana ya mhunzi.

"Mwalimu, hizo alama zako zinazofanana na kinyesi cha inzi ni za nini? Watu wangu hawahitaji macho. Jumapili iliyopita mbwa wa mhunzi alinijia miguuni nikiwa natamka. Nikasema, 'Mtoeni mbwa huyu!' Unajua walifanya nini? Waliimba! Kanisa zima: Mtoooeni mbwa huyuuu! Kwa sauti tamu, na hakuna hata mmoja aliyecheka. Wewe una darasa la namna hiyo?"

Mwalimu hakucheka. "Na mbwa alitolewa?"

"Mbwa? Mbwa alilala pale pale mpaka baraka. Nani anaongelea mbwa?"

"Mimi," akasema mwalimu, akashika njia yake.

Nyinyi mnacheka. Chekeni haraka haraka, maana mbele hakuna kicheko.

Majira ya baridi yakaingia. Theluji mnaijua? Ile barafu laini inayoota ndani ya friji la soda. Sasa fikiria inashuka kutoka mbinguni, kimya kimya, mchana kutwa, inakaa juu ya paa, na nyingine juu yake, na nyingine. Haina kelele kama mvua. Mvua inakugongea bati, inakuambia nipo. Theluji inakulalia juu ya kichwa na wewe unakunywa uji.

Mke wa mwimbishaji ndiye aliyesikia kwanza. Kiti chao kilikuwa katikati ya nyumba ya ibada, chini ya boriti kubwa iliyobeba paa lote. Akiwa jikoni anakatakata viazi, akasema bila kuinua uso:

"Baba watoto, ile boriti imelia tena."

"Mbao zote hulia wakati wa baridi."

"Hii hailii kama mbao. Inalia kama mtu anayejizuia."

Mwimbishaji akageuzia uso dirishani, kwa sababu na yeye alikuwa ameisikia. Aliisikia wakati wa wimbo wa mwisho, akaongeza sauti ili asiisikie.

"Waambie wazee wa kanisa," mkewe akasema.

"Niwaambie nini? Nikiwaambia watafunga nyumba ya ibada. Wakifunga tutahamishiwa wapi? Darasani kwa yule mwenye kifilimbi. Kuna ubao, kuna nota zake ukutani. Nikiingia mle, mimi nitakuwa nani?"

"Utakuwa mume wangu."

"Mama watoto, mbao hulia. Niamini."

Na yule mama, wapendwa, akamwamini. Likumbukeni hilo.

Jumapili ikafika. Theluji ilikuwa imelala juu ya paa tangu katikati ya wiki. Watu waliingia wakijikunyata, akina mama wamebeba visanduku vya makaa vya kupasha miguu. Mkewe akakaa mahali pake, chini ya boriti, kisanduku miguuni, kitambaa cheusi kichwani. Mwalimu wa nota akakaa nyuma kabisa. Yeye kelele za uimbaji ule zilimuumiza, kwa hiyo kila Jumapili alikuja na pamba mfukoni, na mwimbishaji akisimama tu, yeye anajaza masikio. Nasema pamba kweli, ile ya shambani.

Mwimbishaji akasimama. Wote walikuwa wanamtazama yeye, na yeye ndiye peke yake aliyekuwa anawatazama wao. Akatamka mstari wa kwanza:

"Bwana ni paa juu ya watu wake!"

Wakaimba. Bwaaana ni paaa. Macho yakaanza kufumbwa, vichwa vikaanza kuyumba. Walikuwa wanafika pale pazuri penyewe.

Hapo mbwa wa mhunzi akainuka. Alikuwa amelala karibu na kisanduku cha yule mama, kwenye joto. Akasimama, akainua masikio, akatazama juu. Kisha akabana mkia katikati ya miguu, akapita kati ya viti, akausukuma mlango kwa pua, akatoka nje kwenye baridi kali.

Mbwa gani anaacha joto la makaa akakimbilie theluji?

Mwimbishaji akafuata kwa macho pale mbwa alipotazama. Boriti ilikuwa imepinda. Unga mwembamba wa mbao ulikuwa unashuka kwenye mwanga wa dirisha, unashuka bila haraka, unatua kwenye kitambaa cheusi cha mkewe. Akauona mweupe juu ya cheusi.  

Akapaza sauti: "Tokeni, ndugu zangu, boriti inakatika!"

Na kanisa zima likaimba.

Tokeeeni, ndugu zanguuu, boritiii inakatikaaa.

Waliimba vizuri kuliko siku zote! Bibi wa pembeni alitetemesha, mhunzi alishuka chini kabisa kwenye besi, na mkewe, yule mama aliyeisikia boriti kabla ya mtu mwingine, alikuwa amefumba macho, uso umeelekea juu, unga unamwangukia kwenye kope, anaimba. Si aliambiwa mbao hulia? Si alimwamini?

"Siimbi!" mwimbishaji akapiga kelele. "Nasema! Nasema!"

Siiimbiii. Naseeema, naseeemaaa.

Alijisikia akilia, na hata kilio kilitoka na ile sauti ya kutamkia mistari, ya puani, ya kuvutavuta. Miaka yote aliyosimama pale alikuwa ameinoa sauti moja tu, na sasa alipoitafuta ile nyingine, ile ya jikoni, ya kuombea chumvi, hakuiona. Akamtazama mchungaji kwenye mimbari: mchungaji anaimba. Akamtazama mwalimu wa nota kule nyuma, mtu pekee asiyeimba, mtu pekee aliyewahi kuuliza habari za mbwa. Mwalimu amefumba macho, ametulia, amestarehe na pamba zake.

"Mama watoto!" akaita.

Maaama watotooo, wakaitikia wote, na mkewe pamoja nao, anajiita mwenyewe bila kujijua.

Boriti ikalia. Safari hii haikujizuia. Lakini nani aisikie, katika wimbo mkubwa namna ile?

Ndugu, ungekuwa wewe ungefanya nini? Ungetamka mstari gani?

Mwimbishaji akafunga mdomo.

Mstari ukaisha, wakamsubiri. Midomo wazi, pumzi zinatoka kama moshi, wanangoja mstari unaofuata. Na yeye akafanya jambo ambalo hakuna mwimbishaji aliyewahi kulifanya katika nyumba ile. Alishuka mahali pake kabla ya amina. Alitembea kati ya viti, anakwenda pale pale chini ya boriti ambapo mwili wake wote ulikuwa unamwambia asiende. Unga ukamwangukia mabegani. Akamshika mkewe mkono.

Mama akafumbua macho. "Wimbo haujaisha," akanong'ona.

"Umeisha." Ikatoka ile sauti ya jikoni.

Mama akamtazama usoni, akaona. Akaacha kisanduku chake, akainuka. Wakatembea kuelekea mlangoni, na mwimbishaji hakugeuka nyuma, kwa sababu alijua akigeuka atasema neno, na akisema neno wataliimba.

Sasa wale watu walikuwa hawajawahi kuona mgongo wa mwimbishaji wao. Uso wake waliujua, mdomo wake waliujua. Walipouona ule mgongo unakwenda, umejaa unga mweupe, hofu ikawaingia, hofu isiyokuwa na maneno. Na kwa kuwa walizoea kurudia kila alichofanya, wakainuka wakarudia. Alitembea, wakatembea. Mhunzi, bibi wa pembeni, mchungaji na kanzu yake, akina mama wamebeba watoto. Kule nyuma mtu mmoja alimkanyaga mwalimu wa nota, naye mwalimu akafumbua macho, akaona viti vitupu, akatoka wa mwisho anakimbia huku anachomoa pamba sikioni na kuuliza, "Kuna nini? Kuna nini?"

Hakujibiwa na mtu. Paa ndilo lililomjibu. Liliposhuka lilishuka lote, mbao na theluji pamoja, na upepo wake ukawaangusha waliokuwa karibu na mlango. Kisha kimya. Pale palipokuwa na kile kiti cha katikati, moshi mdogo ulikuwa unatoka chini ya theluji. Ni yale makaa ya yule mama.

Watu wakasimama kwenye baridi wanatetemeka. Mchungaji akajifuta uso, akasema, "Tumshukuru Mungu aliyetutoa. Mwimbishaji, tupe mstari."

Mwimbishaji akawatazama. Alikuwa bado ameshika mkono wa mkewe. 

"Ndugu zangu, nilijua. Niliisikia boriti, nikanyamaza. Nisameheni."

Wakafumba macho, wakaimba:

Nduguuu zanguuu, niliiijuaaa…

Naona hamcheki tena.

Wapendwa, tunaiogopa ile theluji na ile boriti. Sisi tuogope ule wimbo. Kwa maana sisi hapa ndio mabingwa wa kurudia. Mimi nikisema "Bwana asifiwe," mnasema "Amina" kabla sijafunga mdomo. Nikisema "mwambie jirani yako, acha wivu," kanisa zima linageukiana, acha wivu, acha wivu, tabasamu hadi masikioni, na wivu wenyewe umekaa katikati yenu umepashwa miguu. Nikisema "patana na ndugu yako leo," mnaitikia kwa sauti tatu, na ndugu yako amekaa kiti cha nyuma yako mwaka mzima hujamgeukia. Neno limetuambia tokeni. Sisi tumelitungia sauti.

Na wewe uliyetia pamba, unayekuja kuhesabu makosa ya kwaya na Kiswahili changu kibovu, usijione umepona. Hukuimba, sawa. Ulisikia?

Wanaume, mke wako amekuambia kitu jikoni wiki hii. Usinitajie ni nini. Unakijua. Umemwambia mbao hulia. Na kibaya kuliko vyote ni kwamba amekuamini.

Mimi pia naogopa, ndugu. Namna mnavyoupenda mfano huu inaniogopesha. Nimeutoa mahali pengi, watu wakanishika mkono mlangoni: "Mchungaji, leo ulihubiri! Ile ya boriti, ah!" Kisha wakarudi kwenye viti vyao Jumapili iliyofuata, vile vile, chini ya boriti ile ile.

Kwa hiyo leo sisemi tuseme Amina. Anayetaka kuitikia ajing'ate ulimi. Wala usimwambie jirani yako kitu. Kuna mtu amekaa chini ya boriti na wewe unajua ni nani. Inuka, mwendee, mshike mkono. Wimbo wa kufunga ibada hatuimbi.

Mimi natangulia. Tazameni mgongo wangu.